Siku Marehemu Alipotakiwa Ajipige Mwenyewe

Mtaani kwake hakuna aliyemwita kwa jina lake. Walimwita Marehemu, naye aliitika. Ungepita pale asubuhi ungemsikia muuza magazeti akimwambia, "Marehemu, umeamkaje?" naye akijibu, "Mzima wa afya, sijui wewe mwenzangu," kisha kila mtu akaendelea na kazi yake. Wageni ndio waliobaki wametoa macho.

Jina lenyewe alilipata kihalali. Alikuwa mwigizaji wa filamu za mapigano, na katika filamu hizo kazi yake kubwa ilikuwa kufa. Alikufa kwa upanga, kwa mnyororo, kwa kusukumwa kutoka ghorofani, na mara moja alikufa kwa kupigwa na mlango wa friji, jambo ambalo mpaka leo mwenyewe haoni kama lilikuwa na ulazima. Kuna filamu aliuawa mwanzoni akiwa na ndevu, akarudi katikati amenyoa akauawa tena, halafu mwishoni akaonekana ndani ya suti nyeusi, amebeba jeneza la yule wa kwanza. Ukumbini watu walinong'onezana, "Jamani, huyo si ndiye aliyemo ndani?" Wakacheka, wakaendelea kutazama.

Kwa asili alikuwa fundi cherehani. Ujanani alipewa kazi ya kushona mavazi meupe ya wanafunzi wa karate, na kwa kuwa mavazi yale yalichanika kila wiki, akawa hakosekani ukumbini mwao, ameketi na uzi wake pembeni, anangoja suruali ya mtu. Akingoja, alitazama. Akishatazama, alijaribu kwenye kona peke yake, akidhani haonekani. Mwalimu alimwona, akamwambia aweke uzi chini aje mbele pamoja na wenzake.

Miaka michache baadaye akaja mwongozaji wa filamu kutafuta watu wa kuigiza. Vijana wote walitaka kupiga. Alipouliza nani yuko tayari kupigwa, kila mtu akaanza kukagua vidole vya miguu yake. Aliyenyoosha mkono ni fundi cherehani peke yake. Alianguka vizuri, kwa moyo mmoja, bila kuibia, na mwongozaji akampenda papo hapo.

Tangu hapo alifanya kila kitu. Alishona mavazi ya wema na ya wabaya. Alipanga mapigano yote, nani apige wapi na nani aangukie upande gani. Alipiga kinanda ule muziki wa kutisha wakati adui anapanda ngazi. Sauti za ngumi alizitengeneza kwa kupiga kabichi na mwiko, na kabichi hizo hazikutupwa. Zilikwenda nyumbani zikapikwa. Sauti za watu wanaoonekana kwa mbali alizitoa yeye, hata za kina mama wanaopiga kelele dirishani. Na juu ya yote hayo, yeye ndiye aliyekuwa mwili wa stelingi, yule shujaa mkuu wa filamu.

Hapa lazima ieleweke vizuri. Stelingi wao alikuwa mwimbaji mmoja mwenye sura ya kupendeza, ambaye watu walimwita Sharubati kwa utamu wake. Sharubati alijua kuimba, kutabasamu na kuvua miwani polepole. Kupigana hakujua hata chembe. Akirusha teke, anayeanguka ni yeye. Kwa hiyo kila pigano lilipokaribia, stelingi alivaa barakoa nyeusi na koti refu, na aliyekuwa ndani ya barakoa ni Marehemu. Pigano likiisha barakoa inavuliwa, na anayeonekana akihema ni Sharubati, ambaye muda wote huo alikuwa kivulini anamenya chungwa. Mashabiki walimbeba Sharubati juu juu kwa mateke ya Marehemu.

"Wala hainiumi," Marehemu alikuwa akisema. Uongo mtupu. Ilimuuma, na ilimuuma zaidi kila alipokaa ukumbini, watu wakisimama kulishangilia teke lake huku wakitaja jina la mwingine. Alitaka jambo moja tu kabla magoti hayajamgomea: sura yake ionekane mwishoni mwa filamu, kubwa, ukuta mzima, na watu wajue ni yeye. Hata kama ni kufa, na afe. Kufa alikuwa amekuzoea. Alichotaka ni kufa akitazamwa usoni.

Mama mkwe wake naye hakumsaidia. Kila alipokuja kuwatembelea alimuuliza swali lile lile: "Mkwe wangu, hivi wewe huwezi kuishi japo filamu moja?"

"Mama, nikiishi watanifukuza kazi," alimjibu.

Mkewe alikuwa msusi, na saluni yake ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba yao. Jioni, mteja wa mwisho akishatoka, viti vilisogezwa ukutani na mapigano yakaanza. Mtu hawezi kupanga pigano peke yake. Sharti awepo wa upande wa pili, na wa upande wa pili alikuwa mkewe. Alianza enzi za uchumba wao, kwa kushika mto ili mwenzake aupige. Baadaye alichoka na kazi ya mto. Akajifunza kukwepa, kisha kukinga, kisha kupiga mtama, hadi ikafika mahali analijua kila pigano la kila filamu, naye alilicheza akiwa bado na aproni yake, huku akimsimulia mumewe habari za siku nzima.

"Leo kaja yule wa benki," alisema, akiinama kupisha teke. "Anaachana na mumewe."

"Tena?"

"Tena. Hebu shusha kiwiko hicho, umeacha mbavu wazi."

Basi siku ikafika. Mwongozaji, ambaye wote walimwita Mzee Kata kwa sababu neno hilo alilisema hata usingizini, alimwita Marehemu akamwambia kwamba filamu mpya inahitaji adui mkuu mwenye umri, mwenye upara na mwenye hasira. "Upara unao," alisema. "Hasira utazitafuta." Adui huyo angekuwepo tangu mwanzo hadi mwisho. Angekufa kwenye pigano la mwisho, ndani ya ghala, na kamera ingemsogelea usoni mpaka roho imtoke. Marehemu aliitikia kwa upole, akaaga, akatembea kwa heshima zake mpaka kona ya barabara, na hapo akaruka sarakasi mbele ya wauza viatu.

Kuanzia siku hiyo kioo cha saluni hakikupumzika. Alijifunza kufa. Kwanza hasira, halafu mshangao, halafu hofu, halafu jicho moja lifumbe taratibu na jingine lifuate. Mkewe alimtazama kupitia kioo, chanuo mkononi, akamwambia, "Hapo kwenye hofu unaonekana unaumwa jino." Akaanza upya toka kwenye hasira.

Sasa, Mzee Kata hakuwa mtu wa maandishi. Filamu nzima ilikuwa kichwani mwake, na aliipiga vipande vipande kufuatana na mahali palipopatikana siku hiyo, harusi kabla ya uchumba, mazishi kabla ya ugonjwa. Wiki hii walipiga vipande vya adui, Marehemu akawa adui. Wiki iliyofuata walipiga vipande vya mtu wa barakoa, na Marehemu, kwa mazoea tu, akachukua barakoa akavaa. Mzee Kata hakushtuka. Mpiga picha hakushtuka. Hata Marehemu mwenyewe, aliyelipanga lile pigano la mwisho pigo kwa pigo, hakushtuka, maana kule saluni kila jioni palikuwa na mtu mbele yake.

Siku ya ghala ikawadia. Lilikuwa ghala kuukuu la magunia, nalo lilikuwa livunjwe siku hiyo hiyo. Msimamizi wa wavunjaji alishafika na watu wake na nyundo zao, wameketi juu ya matofali wakingoja waigizaji wawapishe. Taa zikawashwa, kamera ikawekwa sawa. Mzee Kata akapiga makofi.

"Haya! Adui asimame pale."

Marehemu akasimama pale.

"Na barakoa asimame hapa."

Marehemu alipiga hatua moja kuelekea "hapa", kisha akasita, mguu mmoja mbele.

"Nimesema barakoa hapa! Yuko wapi huyu mtu?"

"Niko huku, mzee," Marehemu alisema.

"Huko ni kwa adui."

"Ndiyo, ni mimi."

"Na barakoa?"

"Naye ni mimi."

Mzee Kata alimtazama, akatazama pale mahali patupu, akamtazama tena. Kisha akakaa juu ya gunia na kushika kichwa kwa mikono miwili. Mpiga picha alicheka mpaka ikabidi aikumbatie kamera isianguke. Sharubati, masikini, aliuliza kwa nia njema kabisa kama Marehemu hawezi kukimbia haraka haraka toka upande huu kwenda upande ule.

"Nimepata," Mzee Kata alisema, akasimama. "Wewe vaa barakoa kama siku zote. Dereva wetu atavaa koti lako na kofia, tutampiga picha kwa nyuma. Mwishoni ataanguka kifudifudi afe."

"Kifudifudi?"

"Sura haionekani. Nani atajua?"

Marehemu aliukamata ukosi wa koti lake la adui. Hakuwa mtu wa kubishana na wakubwa, lakini leo maneno yalimtoka yenyewe. "Mzee, nimekufa kwa ajili yako miaka yote hii, sikulalamika hata kwa ule mlango wa friji. Kifo hiki kimoja niachie. Nataka nife kwa sura yangu."

"Mimi sikukatalii," Mzee Kata alisema, na kweli alisikitika. "Lakini nani atakupiga? Huyu?" Akamwonyesha Sharubati, ambaye alirudi nyuma mara moja. Wapiganaji wengine walikuwa wawili; mmoja alikuwa na mkono kwenye bandeji, na mwingine lile koti refu lisingemfunga hata kwa maombi. Na hata kama lingemfunga, pigano lile halikuwa la kujifunza wakati unasubiri chai.

"Yupo anayelijua lote," Marehemu alisema. "Nipe nafasi nifike nyumbani nirudi."

Msimamizi wa wavunjaji, ambaye alikuwa akifuatilia mambo yote haya kwa furaha kubwa, alinyoosha kidole juu. "Sawa, lakini jua likiingia kwenye dirisha lile, mimi naanza na ukuta huo. Nami nina mkubwa wangu."

Marehemu alichukua baiskeli ya mpiga picha bila kuomba. Alipenya sokoni na koti lake la uovu likipepea, kovu la bandia shavuni, watu wakimpisha huku wakimsalimia: "Marehemu, wapi mbio hizo?" Alipoingia saluni, mteja aliyekuwa kwenye kiti alipiga ukelele. Nusu ya kichwa chake ilikuwa imesukwa vizuri, na nusu nyingine imesimama wima.

"Mke wangu, vua aproni."

"Kuna nini? Nani amekufa?"

"Hajafa bado. Shida yenyewe ndiyo hiyo."

Akamweleza. Mkewe alicheka hadi akakaa chini, akafuta machozi, akacheka tena. Halafu kicheko kikamkauka alipoona uso wa mumewe. Alijua mtu huyu ametaka nini miaka yote. Alijua pia kwamba yeye mwenyewe hajawahi kupigana mbele ya macho ya mtu yeyote isipokuwa ya kioo.

"Mbele ya kamera?" aliuliza.

"Utakuwa ndani ya barakoa. Hakuna atakayekuona."

"Na huyu nimwache hivi?"

Mteja alisimama, kichwa chake nusu kwa nusu, akachukua funguo zake mezani. "Nani aachwe? Gari liko nje. Mimi hili silikosi."

Walipofika ghalani jua lilikuwa limekaribia dirisha. Lile koti refu la barakoa lilimkaa msusi kana kwamba alipimiwa yeye, maana wote wawili walikuwa wembamba na wa kimo kimoja, na barakoa ikaficha yaliyobaki. Mzee Kata alimzunguka mara moja, mashaka yamemjaa usoni.

"Shemeji, una hakika? Huyu bwana anapigana kwelikweli."

"Napigana naye kila siku, shemeji," alijibu. "Tofauti ni kwamba leo nina mashahidi."

Wavunjaji walicheka. Kamera ikaanza, na baada ya pigo la tatu hakuna aliyecheka tena. Msusi alikwepa, akakinga, akazunguka na kurusha teke lililopita sikioni kwa mumewe kwa upana wa kidole, kama walivyofanya kila jioni, ila leo kulikuwa na nafasi ya kutosha na hakuna kiti cha kugonga. Wavunjaji walisimama juu ya matofali. Mteja aliwapigia kelele wote wawili kwa zamu, haijulikani alikuwa upande wa nani. Sauti zingeingizwa baadaye, kwa hiyo ndani ya barakoa msusi alisema alivyotaka. "Nimeacha maji jikoni," alimwambia, akimshindilia ngumi ya tumbo. "Yatakauka," Marehemu alijibu kwa sura ya kikatili. "Sufuria itaungua." "Tutanunua nyingine. Geuka, sasa ni mtama."

Mtama ukaja. Miguu ya Marehemu ilikwenda juu, mgongo ukatua kwenye magunia, vumbi likafuka kila upande. Kamera ikamsogelea.

"Sasa!" Mzee Kata alinong'ona. "Uso!"

Hasira, mshangao, hofu, jicho moja, jicho la pili. Alikuwa navyo vyote tayari. Akainua macho amtazame muuaji wake.

Muuaji alikuwa amesimama juu yake, mkono kiunoni, koti limemteleza bega moja, kifua kinapanda na kushuka. Alikuwa amemshinda mbele ya umati, naye alijua, na alisimama vile anavyosimama akimaliza kusuka kichwa kigumu. Kisha, kidogo sana, akainua kidevu: umeumia?

Marehemu akatabasamu. Halikuwa tabasamu la adui. Alilisikia likija na akajaribu kulizuia, akaita hasira, hasira haikuja. Akaita hofu, nayo ikakataa. Sura ya pekee aliyokuwa nayo ilikuwa ile, na kwa sura ile akafumba macho, akafa.

"Kata!" Mzee Kata aliruka. "Unacheka? Mtu anakuua, wewe unacheka?"

"Turudie, mzee! Nakuomba turudie mara moja tu!"

Lakini jua lilishaingia dirishani, na msimamizi wa wavunjaji alikuwa mtu wa neno lake. Nyundo ya kwanza ikagonga ukuta. Wakakusanya taa na nyaya wakatoka nje mbio, mteja akiwa wa mwisho kwa sababu alikuwa bado anashangilia.

Siku zilizofuata Marehemu hakuwa na raha. Alishona mkono wa shati akaufunga kabisa. Alikuwa amepewa ukuta mzima, na yeye akaenda kuchekacheka juu yake kama mtu aliyeona keki. Wakati wa kuingiza sauti alijaribu kuokoa jahazi kwa mguno wa uchungu. Akaguna hivi, akaguna vile, lakini ule uso haukukubali mguno wowote. Mzee Kata akachoka, akasema pabaki kimya. Vumbi na barakoa vilimzuia mkewe kuuona vizuri uso ule pale ghalani, picha hakuonyeshwa, na Marehemu hakumwambia chochote. Aliona aibu.

Filamu ilionyeshwa mara ya kwanza Jumamosi mchana, ukumbi umejaa mpaka watu wamekaa kwenye vijia. Marehemu na mkewe walikaa safu ya nyuma karibu na mlango, mume ndiye aliyechagua. Pigano la mwisho lilipoanza watu walisimama wakiita, "Sharubati! Sharubati!" Msusi alitikisa kichwa, akasema polepole, "Haya bwana, na mimi leo ni Sharubati," na Marehemu, pamoja na hofu yake yote, aliona fahari. Kisha mtama ukaja, magunia yakafuka vumbi, na uso wake ukajaa ukutani.

Akafumba macho angojee kicheko cha watu. Hakikuja. Ukumbi ulinyamaza, kelele zote zikakatika, na katika ukimya ule mwanamume mmoja safu ya mbele akasema, bila kukusudia kusikika, "Alimjua. Huyu adui alimjua aliyemo ndani ya barakoa."

Marehemu alifumbua macho akamgeukia mkewe. Mkewe hakuwa akimtazama yeye. Alikuwa akitazama ukuta, mdomo wazi kidogo.

"Kumbe ndivyo unavyoniangalia," alisema.

"Ndivyo."

"Tangu lini?"

"Tangu zamani. Tangu kabla hatujaoana."

Ukutani uso ulikuwa bado haujafumba macho. "Na mimi miaka yote hii natazama miguu yako," alisema mkewe, "nisije nikapigwa teke."

Akaanza kulia, na Marehemu akalia naye, wameshikana mikono, huku mbele yao barakoa ikivuliwa na ukumbi mzima ukimshangilia Sharubati.